Méliès, Alice Guy, Phalke au Micheaux: uanze kusoma kazi ya nani?

Kijana mmoja wa kundi letu la Jumamosi, hapa Temeke, alinifuata mwezi uliopita akiwa na daftari mkononi. Alikuwa ametoka kumaliza filamu yake ya kwanza, dakika 11, kaipiga yote kwa simu na kuihariri kwa simu hiyohiyo. Sasa anataka kuwasoma wakongwe wa enzi za filamu bubu, maana kasikia kwamba wao waliongoza na kugharamia kazi zao wenyewe, kama anavyofanya yeye. Shida yake ni muda. Mchana yuko gereji, usiku ndipo anaposhika kazi yake. "Mwalimu, nikimsoma mmoja tu mpaka mwisho, nimsome nani?"

Sikutaka kumjibu juu juu. Wengi watamtaja Chaplin, na hawatakosea, ila Chaplin alipaa upesi mno: alianza kuonekana kwenye skrini mwaka 1914, na kufikia 1918 alikuwa na studio yake na mkataba wa dola milioni moja. Nimewatafuta wanne ambao shida zao zinafanana zaidi na zetu: hela ya kuanzia haipo, soko halina huruma, na kazi inaweza kuibwa mchana kweupe.

Wa kwanza ni Georges Méliès wa Paris, mwanamazingaombwe aliyetengeneza filamu zaidi ya 500 kati ya 1896 na 1913. Wa pili ni Alice Guy, Mfaransa pia, anayehesabiwa kuwa mwanamke wa kwanza duniani kuongoza filamu, na ambaye baadaye alimiliki studio Marekani. Wa tatu ni Dhundiraj Govind Phalke, Wahindi humwita Dadasaheb, aliyetoa Raja Harishchandra mwaka 1913, inayohesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya India. Wa nne ni Oscar Micheaux, Mmarekani mweusi ambaye baba yake alizaliwa utumwani, na yeye akaongoza na kugharamia filamu zaidi ya 40 kati ya 1919 na 1948.

Nitawapima kwa mambo matano. Hela ya kwanza ilitoka wapi? Siku ya kupiga picha kazi ilikwendaje? Filamu iliuzwaje, na nani alibaki nayo mkononi? Nini kilimwangusha? Na leo, miaka zaidi ya 100 baadaye, kuna nini cha kutazama? Sitapima nani alikuwa na kipaji zaidi. Wote wanne walikuwa nacho, na kipimo hicho hakimsaidii mtu anayetafuta pa kuanzia.

Hela ya kwanza

Méliès alizaliwa kwenye nafasi. Baba yake alikuwa na kiwanda cha viatu, na mwaka 1888 Georges akauza fungu lake la biashara hiyo kwa ndugu zake, akanunua ukumbi wa mazingaombwe, Théâtre Robert-Houdin. Kwa hiyo ndugu wawili Lumière walipoonyesha picha zao zinazotembea Paris tarehe 28 Desemba 1895, yeye alikuwa na kila kitu isipokuwa mashine: ukumbi, watazamaji, mafundi, waigizaji. Akataka kununua mashine yao, wakakataa kumuuzia. Akaipata ya kwake London, kwa fundi Robert Paul.

Alice Guy hakuwa na mtaji, alikuwa na ajira. Mwaka 1894 alianza kazi ya ukarani kwa Léon Gaumont, muuzaji wa vifaa vya picha. Kamera zilipoanza kutengenezwa, akaomba ruhusa ya kujaribu kupiga visa vifupi vya kuwaonyesha wateja. Bosi akakubali, kwa sharti kwamba kazi ya ofisini isilale. Ndiyo kusema mtaji wake ulikuwa kamera ya kampuni na saa za ziada. Ndani ya miaka michache alikuwa msimamizi wa uzalishaji wote wa filamu za Gaumont.

Phalke ndiye aliyehangaika kuliko wote, na hapa naomba uvute kiti. Alikuwa mchapaji mjini Bombay, akakosana na washirika wake, akatoka. Akiwa na umri wa miaka kama 40 hivi akaingia kutazama filamu ya maisha ya Yesu, na kichwani mwake akawa anawaona miungu wa Kihindu, Rama na Krishna. Aliweka bima yake ya maisha rehani, Februari 1912 akasafiri hadi London, akarudi na kamera ya Williamson na mashine ya kutobolea ukanda. Kamera anayo, hela ya filamu hana. Akafanya jambo ambalo kila kijana anayetafuta mfadhili anapaswa kulijua. Alipanda mbegu ya njegere kwenye chungu, akaweka kamera mbele yake, akawa anapiga picha kidogo kidogo siku baada ya siku kwa zaidi ya mwezi. Alipounganisha, watu wakaona mbegu ikichipua na kuwa mmea ndani ya muda mfupi tu. Huo ukanda mdogo ndio uliomfungua mfadhili mkono. Palipopunguka, vito vya mkewe Saraswati vikaenda sokoni.

Micheaux alianzia shambani. Alikuwa mhudumu wa mabehewa ya treni, akanunua ardhi South Dakota, akalima, na shamba lilipomshinda akaandika riwaya na kuziuza mwenyewe nyumba kwa nyumba. Mwaka 1918 kampuni ya watu weusi, Lincoln Motion Picture Company, ikataka riwaya yake The Homesteader iwe filamu. Akasema sawa, ila na yeye awemo katika uongozaji. Hawakuelewana. Basi akafungua kampuni yake, akarudi kwa wakulima na wafanyabiashara wazungu wa huko Sioux City, walewale aliokwisha kuwauzia vitabu, akawauzia hisa. Wasomaji wake wakageuka wanahisa. Filamu ikatoka Februari 1919.

Siku ya kupiga picha

Méliès alijenga studio ya vioo Montreuil mwaka 1897, kuta vioo, paa vioo, ili jua liingie. Alichora mandhari mwenyewe, aliandika mwenyewe, na mara nyingi stelingi alikuwa yeye mwenyewe. Mbinu yake kuu ilikuwa kusimamisha kamera, kubadilisha kitu kilicho mbele yake, kisha kuendelea: mtu anatoweka, kichwa kinavimba, mwanamke anakuwa kipepeo. Ukitazama kwa makini utaona kwamba kamera haisogei. Iko pale alipokaa mtazamaji wa ukumbi wake, siti ya katikati. Kwa mtu wa simu na tripodi hiyo ni habari njema, maana kila alichofanya unaweza kukijaribu sebuleni.

Guy alikwenda upande mwingine. Kwenye studio yake ya Solax alitundika bango kubwa lililowaambia waigizaji wawe wa kawaida, waache kuigiza kupita kiasi. Siku hizo waigizaji walirusha mikono kama wanaofukuza nyuki, kwa hiyo bango lile lilikuwa somo zima la uongozaji. Kabla ya hapo, akiwa Gaumont, alipiga filamu nyingi za waimbaji wakifuatisha midomo kwenye sauti iliyokwisha kurekodiwa kwenye sahani. Vijana wa video za Bongo Fleva hufanya hivyohivyo kila wiki, na wachache wanajua kwamba karani wa Paris alikuwa akiifanya kazi hiyo mwanzoni mwa karne ya 20.

Kwa Phalke, seti ilikuwa familia. Mkewe alipikia kikosi kizima, akafua mavazi, akasimama juani ameshika shuka jeupe ili mwanga urudi usoni mwa waigizaji, na usiku akakaa gizani akitoboa matundu ya ukanda na kuusafisha kwa dawa. Mtoto wao Bhalchandra aliigiza mwana wa mfalme. Wanawake hawakupatikana, maana kuigiza kulionekana aibu, basi malkia akaigizwa na mpishi wa mgahawa, kijana aitwaye Salunke, mwenye mikono laini. Inasimuliwa kwamba vita vikubwa vilikuwa kunyoa masharubu: kwa mila zao mwanamume huyanyoa baba yake akifariki, na waigizaji wa nafasi za kike hawakutaka kuonekana wana msiba.

Micheaux alipiga haraka na kwa hela ndogo. Aliazima nyumba za watu, alirudia tukio pale tu ilipobidi kabisa, na kosa dogo aliliacha lipite. Watu wa viwango vya juu wamemlaumu kwa hilo, na lawama ina ukweli: kuna sehemu mwanga haukai na hadithi inaruka. Lakini waigizaji wake walikuwa wa kweli. Evelyn Preer aliigiza pia na kundi la michezo ya jukwaani la Lafayette Players, na mwaka 1925 mtu aliyeonekana kwenye skrini kwa mara ya kwanza katika maisha yake, ndani ya filamu ya Micheaux, alikuwa Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji aliyekuja kuvuma.

Kuuza, na nani anabaki na mali

Hapa ndipo wanapotofautiana kabisa, na mimi nina sababu ya kukaa hapa muda mrefu. Filamu yangu ya kwanza niliiuza moja kwa moja, masta na haki zake zote, kwa msambazaji mmoja wa Kariakoo, nikapewa hela mkononi, nikasaini. Miaka iliyofuata niliiona kwenye mabasi ya mikoani, kwenye vibanda umiza, kwenye televisheni, na sikuwa na senti humo. Nawasoma wazee hawa nikiwa na kidonda hicho.

Méliès aliuza kwa mita, yaani kwa urefu wa ukanda. Mwenye hema la maonyesho alinunua nakala, ikawa yake, akazunguka nayo magulio mpaka ikakatika. Kwa miaka kadhaa mfumo huo ulimlipa vizuri. Kisha mwaka 1902 akatoa Le Voyage dans la Lune, yaani safari ya mwezini, dakika 14 hivi, kazi ya karibu miezi mitatu, gharama karibu faranga 10,000, na ikapendwa Marekani mno, ila nakala nyingi zilizozunguka huko zilikuwa za wizi, zikiwemo za kampuni ya Thomas Edison. Mwaka uliofuata akamtuma kaka yake Gaston akafungue ofisi New York na kusajili haki zao. Alichora hata alama ya nyota ya kampuni yake ndani ya mandhari, ili mwizi akinakili filamu anakili na jina. Tazama kwa makini chini ya ngazi au kwenye kuta, utaiona.

Guy alianza bila mali yoyote: filamu alizotengeneza Gaumont zilikuwa za Gaumont. Mwaka 1910, akiwa Marekani na mumewe Herbert Blaché, akaanzisha Solax, na mwaka 1912 wakahamia studio mpya Fort Lee, New Jersey, iliyogharimu zaidi ya dola 100,000. Kwa kipindi kifupi alikuwa mkurugenzi, mwongozaji na mmiliki, akitoa filamu kila wiki.

Phalke hakuhitaji kumshawishi mtazamaji kuhusu hadithi. Kila bibi wa India aliijua habari ya mfalme Harishchandra aliyepoteza kiti, mke na mtoto kwa kushika ahadi. Filamu ilipoanza kuonyeshwa kwa umma katika ukumbi wa Coronation, Bombay, tarehe 3 Mei 1913, watu walikuja kuona kitu wanachokipenda tayari. Baadaye filamu zake zilikwenda vijijini kwa mikokoteni ya ng'ombe, na inasimuliwa kwamba mapato ya filamu yake Lanka Dahan ya mwaka 1917, sarafu tupu, yalirudi kwa mkokoteni. Watu wa Unguja, Mombasa na Dar waliokulia kwenye picha za Kihindi wataelewa haraka: ile nguvu ya hadithi ambayo ukumbi mzima unaijua mwisho wake na bado unalia, chanzo chake kiko hapa.

Micheaux aliuza kabla ya kutengeneza. Alisafiri mji hadi mji, akiwa amevaa vizuri, akamtembelea mwenye ukumbi wa watu weusi, akamwonyesha picha za waigizaji wa filamu ijayo, wakati mwingine akawaleta waigizaji wenyewe wakaonyesha kipande palepale ofisini. Kisha anaomba malipo ya awali. Kwa hela hiyo anakwenda kupiga filamu, halafu anarudi na mkanda mkononi kuwapa walichonunua. Hakuwa na msambazaji kwa maana ya kampuni, msambazaji alikuwa miguu yake. Bodi za ukaguzi zilimkatakata: Within Our Gates ya mwaka 1920, yenye tukio la watu weusi kuuawa na kundi la wazungu, ilipigwa vita Chicago kwa hofu ya kuamsha ghasia, kwa kuwa mji ulikuwa umetoka kwenye machafuko ya rangi ya 1919. Yeye alikuwa akikata hapa, anarudisha kule, mpaka nakala za miji tofauti zikawa hazifanani.

Kilichowaangusha

Méliès aliangushwa na soko lililobadilika huku yeye amesimama palepale. Kampuni kubwa, Pathé ikiongoza, zikaacha kuuza kwa mita na kuanza kukodisha. Wenye mahema, wateja wake, wakafifia. Akaweka nyumba na studio rehani kwa Pathé, na mwaka 1923 vyote vikaondoka. Mwaka huohuo kwa hasira akachoma akiba yake ya mikanda. Kabla ya hapo, wakati wa vita, jeshi la Ufaransa lilikuwa limechukua mamia ya nakala na kuziyeyusha kutengeneza visigino vya viatu. Hela ya viatu ilimwanzisha, na filamu zake zikaishia kwenye viatu. Alimalizia akiuza pipi na midoli katika stesheni ya Montparnasse. Waandishi wa habari walimkuta huko, na mwaka 1931 akapewa nishani ya Légion d'honneur. Alifariki 1938.

Guy aliangushwa na vitu viwili kwa pamoja: filamu zikawa ndefu na ghali, na kazi ikahama kutoka New Jersey kwenda California. Ndoa nayo ikavunjika. Mwaka 1922 alirudi Ufaransa na watoto wake, na hakuongoza tena. Kilichouma zaidi kilikuja baadaye: vitabu vya historia vilipoandikwa, filamu zake nyingi zilipewa majina ya wanaume. Alitumia miaka akizitafuta na kuandika orodha kwa mkono wake. Alifariki 1968 akiwa na miaka 94, na kumbukumbu zake zikachapishwa miaka minane baada ya kifo chake.

Phalke alikosana na washirika. Mwaka 1918 alijiunga na wafanyabiashara, ikazaliwa Hindustan Cinema Films Company. Wao walitaka hesabu, yeye alitaka filamu. Akajiondoa, akaenda Varanasi, akarudi baadaye akiwa mwajiriwa zaidi kuliko mwenye mali. Sauti ilipokuja, akatengeneza filamu moja ya sauti, Gangavataran, mwaka 1937. Alifariki 1944 mjini Nashik. Tuzo kubwa ya sinema ya India leo ina jina lake.

Micheaux alifilisika mwaka 1928, akasimama tena kwa hela za wafadhili wapya, akatengeneza The Exile ya sauti mwaka 1931, na akaendelea. Alianguka na kuinuka mara nyingi kuliko wenzake. Filamu yake ya mwisho ya 1948 haikupokewa vizuri, na mwaka 1951 alifariki akiwa safarini Charlotte, North Carolina, akiuza.

Kilichobaki cha kutazama

Mikanda ya zamani ilikuwa ya nitreti, kitu kinachooza chenyewe na kushika moto kama petroli. Utafiti wa Maktaba ya Bunge ya Marekani wa mwaka 2013 ulionyesha kwamba kati ya filamu ndefu bubu karibu 11,000 za nchi hiyo, asilimia 14 tu ndizo zilizobaki kamili katika umbo lake la kwanza. Kwa hiyo usichague mtu kabla hujajua kama kazi yake ipo.

Kwa Méliès utashiba: filamu karibu 200 zipo, nyingi ni za dakika chache, na nakala ya safari ya mwezini iliyopakwa rangi kwa mkono ilipatikana Barcelona mwaka 1993, ikatengenezwa upya na kuonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 2011. Kwa Guy pia zipo nyingi za kutosha. Kwa Phalke ni mabaki: vipande vya Raja Harishchandra, na sehemu kubwa ya Kaliya Mardan ya 1919, ambamo binti yake Mandakini anaigiza Krishna mtoto. Kwa Micheaux, kati ya filamu zake zote bubu, zimebaki tatu. Within Our Gates ilipatikana Hispania, ikiwa na maandishi ya Kihispania, na Wamarekani wakalazimika kuyatafsiri kurudi Kiingereza. Ya pili ilipatikana Ubelgiji. Ya tatu ni Body and Soul ya Robeson.

Nyingi ya hizi zinatazamwa bure kwenye intaneti kwa sababu haki zake zimekwisha. Angalia tu kasi: nakala ambayo watu wanakimbia kama kuku imechezeshwa haraka kuliko ilivyopigwa, tafuta nyingine. Na usizitazame kimya. Zamani kila onyesho lilikuwa na mpiga kinanda, na sehemu nyingi palikuwa na msimulizi aliyesimama kando ya skrini, kama DJ wa kibanda umiza anavyotafsiri leo.

Sisi tulijaribu. Tulitundika shuka ukutani, tukawasha projekta, tukaweka Falling Leaves ya Alice Guy ya mwaka 1912, dakika kama 12. Dada wa kundi letu akasimama pembeni anasimulia. Daktari anasema binti mgonjwa wa kifua kikuu atakufa jani la mwisho likidondoka. Mdogo wake anasikia. Usiku anatoka bustanini na gauni lake la kulalia, ana uzi mkononi, anaanza kuyafunga majani kwenye matawi, moja moja. Msimulizi wetu alinyamaza hapo. Ukumbi mzima ulinyamaza. Mtoto wa jirani, miaka sita, akauliza kwa sauti, "Yatatosha?"

Kulingana na ulipo

Ukiwa tayari una biashara nyingine inayokulisha, na unachopenda ni maajabu, mtu kupotea, nyumba kuruka, soma Méliès. Atakupa mbinu nyingi kwa muda mfupi, na kuporomoka kwake kutakufundisha kusoma mikataba ya usambazaji mapema. Hatakusaidia sana kwenye uigizaji wala mwendo wa kamera.

Ukiwa umeajiriwa, kwenye kituo cha televisheni, studio ya harusi au ofisi ya matangazo, na unatumia vifaa vya bosi jioni, mtu wako ni Alice Guy. Soma namna alivyotumia ruhusa ndogo mpaka ikawa idara nzima. Ukimsoma, anza leo kuandika orodha ya kila ulichoongoza, tarehe na jina lako. Yeye alichelewa. Ukiwa mwigizaji unayetaka kuongoza, yeye tena.

Kama hadithi yako ni ya kwenu, ngano, tenzi, habari za mababu ambazo bibi yako anazijua kwa moyo, na wafanyakazi wako ni ndugu zako, nenda kwa Phalke. Atakufaa pia kama uko hatua ya kutafuta mfadhili na huna cha kumwonyesha, kwa sababu ya ile njegere. Jiandae tu kwamba utasoma zaidi ya utakavyotazama.

Kama umeshatengeneza filamu na milango imefungwa, msambazaji anakupa bei ya kutupa au mada yako inawatisha watu, Micheaux anakungoja. Orodhesha watu 20 wanaoweza kuonyesha filamu yako, shule, kanisa, msikiti, chuo, ukumbi wa mtaa, na uwatembelee kabla hujapiga ijayo. Kwa anayejifunza ufundi wa picha peke yake, huyu si wa kuanzia. Mrudie ukishapata jicho.

Ukiwa na jioni moja tu, usisome mtu, tazama: safari ya mwezini na Falling Leaves, moja baada ya nyingine, chini ya nusu saa zote mbili. Utakayotaka kuirudia itakuonyesha pa kwenda.

Kijana wangu alizitazama zote mbili, akasoma maelezo haya yakiwa bado kwenye daftari langu, kisha akachagua Phalke. Mama yake ni fundi cherehani, na Jumamosi iliyopita alikuja na kanzu tatu za wahusika wa filamu yake ya pili, zimeshakatwa, bado kushonwa.